Filamu bubu za wanasarakasi uani kwetu Nkuhungu: huduma nzuri iliyoanza kwa kukata miguu

Kwa miaka tisa nimekuwa nikiwafundisha sarakasi watoto na vijana wa Nkuhungu, hapa Dodoma, katika kiwanja cha mchanga kilicho nyuma ya nyumba ya dada yangu, na swali ambalo wazazi huniuliza kuliko yote ni kwa nini ninatumia juma zima la kwanza kuwafundisha watoto wao kuanguka. Wanaelewa mara moja faida ya kupiga samasoti, ya kutembea kwa mikono au ya kusimama juu ya mabega ya mwenzako, kwa sababu hayo huonekana na hupigiwa makofi. Kuanguka, kwao, ni jambo linalompata aliyeshindwa. Nilikuwa nikitafuta namna ya kuwaonyesha badala ya kuwaeleza, ndipo mzazi mmoja akaniambia kuwa wapo vijana hapa mjini wanaokodisha sinema ya kuhamishika, wanaokuja na vyombo vyote hadi uani kwako, na kwamba miongoni mwa programu zao ipo moja ya vichekesho vya filamu bubu. Niliwapigia simu siku hiyohiyo.

Nimewatumia mara mbili, mara ya kwanza mwanzoni mwa Julai na mara ya pili wiki tatu baadaye, na tathmini hii ninawaandikia walimu, viongozi wa vikundi na wazazi wanaofikiria kuwakodi. Jina lao sitalitaja, kwa kuwa kasoro nitakazozieleza niliwaambia wenyewe ana kwa ana, na kubwa kati ya hizo wameshairekebisha.

Bei yao kwa usiku mmoja ndani ya jiji ni shilingi 120,000, ambayo nusu yake hulipwa siku ya kuweka miadi. Kwa fedha hiyo unapata projekta, kitambaa cheupe chenye upana wa mita 4, spika mbili, jenereta ndogo ya dharura na vijana wawili: mmoja wa mitambo na mwingine msimulizi, ambaye kazi yake ni kusoma kwa Kiswahili maandishi yanayojitokeza katikati ya filamu. Ukitaka mpiga muziki aje kupiga papo hapo, unaongeza shilingi 30,000. Viti, mikeka na chakula ni juu yako. Walifika saa 11 jioni kama tulivyokubaliana, wakafunga kitambaa kati ya mwarobaini na nguzo ya mlango, wakaiweka jenereta nyuma ya ukuta ili mlio wake usitusumbue, na saa 1:30 usiku, giza lilipokolea, walikuwa tayari. Watoto wangu 22 walikuwa wamejifunika mablanketi, maana baridi ya Julai ya Dodoma anaijua aliyekaa nje usiku, na kila mmoja alikuwa na fungu la ubuyu mkononi. Upepo ulikitikisa kitambaa kwa kiasi fulani, lakini vijana hao walikuwa wamefunga mawe kwenye pindo la chini na picha ikatulia. Katika mambo haya yote ya maandalizi sina lawama hata moja.

Lawama zangu zilianza filamu zilipoanza, na ili zieleweke ni lazima niseme kwanza filamu hizi ni kitu gani.

Sinema ilizaliwa mikononi mwa watu wa maonyesho, na wanasarakasi walikuwemo tangu siku za mwanzo kabisa. Mwaka 1894 studio ya Thomas Edison huko Marekani ilimpiga picha Luis Martinetti, mtu wa kujipinda viungo akining'inia kwenye pete. Tarehe 1 Novemba 1895, ndugu wawili wa Kijerumani, akina Skladanowsky, walipowaonyesha watu wa Berlin picha zao zinazotembea katika ukumbi wa Wintergarten, programu yao fupi ilikuwa na familia ya wanasarakasi na hata kangaruu apiganaye ngumi. Sababu yake ni ya kimatendo. Kamera ya wakati ule ilisimama mahali pamoja, ikatazama mbele kama mtazamaji aliyeketi kitini, na ilimchukua mtu mzima kuanzia utosini hadi nyayoni. Sauti haikuwepo. Urefu wa ukanda ulikuwa mdogo: filamu za akina Lumière, ndugu wawili wa Kifaransa, zilikuwa na mita 17 hivi na zilikwisha kwa takriban sekunde 50. Mwigizaji wa jukwaani aliyezoea kueleza hisia kwa maneno alikuwa amenyang'anywa silaha yake, ilhali mtu wa sarakasi alikuwa amekwisha kuzoea kumaliza kisa kizima kwa mwili wake, katika dakika chache, mbele ya umati ambao pengine haukusikia lugha yake. Kwa hiyo filamu za vichekesho zilipoanza kuhitaji watu wa kuangukia ngazi, kupitia madirishani na kukimbizana juu ya mapaa, waliofaa walikuwa tayari wamefunzwa tangu utotoni. Ferdinand Guillaume, ambaye Italia nzima ilimfahamu kwa jina la Polidor, alitoka katika ukoo wa sarakasi. Kule Ufaransa, mwongozaji Jean Durand alikusanya kundi zima la waruka hewani na waangukaji, akalifanyia kazi katika kampuni ya Gaumont.

Basi kitu kinachoonyeshwa katika filamu hizi ni mwili: jinsi unavyoondoka ardhini, unavyogeuka na unavyotua. Anayekodisha sinema ya namna hii ana wajibu mmoja kabla ya mingine yote, nao ni kuhakikisha kuwa mwili huo unaonekana mzima na unakwenda kwa mwendo wake.

Filamu ya kwanza waliyotuwekea ilikuwa ya dakika moja tu, nayo ndiyo iliyoniumiza zaidi. Ilipigwa na kampuni ya Lumière mwishoni mwa karne ya 19, ikiwaonyesha wachekeshaji wawili wa sarakasi ya Paris, George Footit, Mwingereza mwenye uso uliopakwa rangi nyeupe, na mwenzake mweusi aliyeitwa Chocolat, katika mchezo wao wa kiti. Msimulizi wetu hakuwa na la kusema ila kucheka kwa sauti kubwa kwenye kipaza sauti kwamba tazameni Mzungu anavyompiga mweusi, na watoto wakacheka pamoja naye. Nilisimama, nikaomba filamu isimamishwe, nikawaeleza watoto wangu jambo ambalo nadhani lilikuwa kazi ya msimulizi kulieleza. Mtu yule aliitwa Rafael Padilla. Alizaliwa utumwani huko Cuba, akauzwa angali mtoto kwa mfanyabiashara wa Kihispania na kuvushwa bahari, akatoroka, akafanya kazi ngumu za kila namna, na hatimaye akawa nyota wa sarakasi maarufu ya Paris iliyoitwa Nouveau Cirque. Yeye na Footit walifanya kazi pamoja kwa takriban miaka 20. Alifariki maskini mjini Bordeaux mwaka 1917. Watoto walinyamaza. Kisha niliomba filamu irudiwe, na nikawaambia wasimtazame anayepiga bali anayepigwa, wahesabu ni mara ngapi mgongo wake unagusa sakafu kabla ya kichwa. Mvulana mmoja wa darasa la sita akaniambia, "Mwalimu, kichwa hakigusi kabisa." Ni kweli, hakigusi. Mtu yule mweusi ambaye hadhira ya Paris iliambiwa imcheke alikuwa fundi, na ufundi wake bado unaonekana baada ya miaka zaidi ya 120, kwa yeyote anayeelekezwa pa kutazama.

Sipingi kuwepo kwa msimulizi. Sisi tuliokulia kwenye vibanda umiza tukiwasikiliza watafsiri wa filamu, Lufufu akiwa kinara wao, tunajua sauti ya mtu inavyoweza kuisogeza filamu ya mbali ikawa yetu, na hata Wajapani enzi za filamu bubu walikuwa na wasimulizi wao wa kitaalamu, walioitwa benshi, ambao baadhi yao walikuwa na mashabiki wengi kama waigizaji wenyewe. Msimulizi wa huduma hii ana sauti nzuri na Kiswahili chake ni safi. Lakini usiku ule wa kwanza alisema sana, alisema mapema, na mara tatu alitutangulia kutueleza kwamba sasa huyu ataanguka, jambo linaloua kichekesho na sarakasi kwa pigo moja.

Kasoro ya pili ilikuwa ya mwendo. Walituwekea filamu fupi ya André Deed, Mfaransa aliyekuwa mwimbaji na mwanasarakasi kabla ya kuingia kwenye sinema, ambaye kuanzia 1909 alifanya kazi mjini Turin katika kampuni ya Itala na kupendwa kwa jina la Cretinetti. Watu wake huvunja samani, hupita ukutani, hurundikana wanane kwa mpigo, na uzuri wote uko katika kuona nani anamshika nani ndani ya mrundikano huo. Sisi tuliona vumbi na mitetemo. Picha ilikwenda mbio kiasi kwamba watoto walidhani ni katuni. Nilipomuuliza kijana wa mitambo, alinijibu kwa adabu, "Mwalimu, filamu za zamani ndivyo zilivyo." Wengi wanaamini hivyo, na sivyo. Mpiga picha wa zama zile alizungusha mpini wa kamera kwa mkono, na kwa kawaida alipiga fremu kama 16 hadi 20 kwa sekunde, wakati vyombo vyetu vya leo huonyesha fremu 24 au 25. Ukanda wa futi 1,000 uliopigwa kwa fremu 16 huchukua karibu dakika 17, lakini ukionyeshwa kwa fremu 24 unakwisha kwa dakika 11 hivi. Dakika hizo zilizopotea zinatoka kwenye miguu ya mwanasarakasi: pale alipojipanga, alipovuta pumzi, alipopeleka uzito kisiginoni, pote pamefutwa. Ni kweli kwamba wachekeshaji wenyewe wakati mwingine walimwagiza mpiga picha azungushe polepole makusudi ili mbio zao zionekane za kasi zaidi, lakini hiyo ni kasi waliyoipima wao, na mtu wa mitambo hana haki ya kuongeza ya kwake juu yake. Dawa yake haihitaji hata senti moja. Karibu kila programu ya kompyuta ya kuchezea filamu ina mahali pa kupunguza mwendo, na kwa filamu nyingi za kabla ya 1915 robo tatu ya mwendo wa kawaida inatosha. Filamu za miaka ya 1920 hazihitaji kupunguzwa hivyo, kwa sababu kufikia hapo mwendo ulikuwa umepanda na kukaribia wa leo. Nilimwonyesha kijana yule kwenye kompyuta yake mwenyewe. Alibonyeza, na ghafla mrundikano wa watu ukageuka kuwa watu, kila mmoja na mikono yake.

Kisha ikaja kasoro iliyonifanya nisimame mara ya pili, nayo ndiyo iliyokipa kichwa cha tathmini hii maneno yake. Waliweka filamu ya mchekeshaji wa Kimarekani Buster Keaton ya mwaka 1920, ya bwana na bibi harusi wanaopewa nyumba ya kujiunganishia wenyewe, vipande vyake vikiwa kwenye masanduku yenye namba ambazo adui amezibadilisha. Katika filamu hiyo Keaton anafungua mlango wa ghorofani, anatoka kwa kujiamini kama anayeingia chumba kingine, na kumbe nje ya mlango hakuna kitu. Anaporomoka. Sisi tulimwona akiporomoka na kutoweka chini ya kitambaa. Kutua kwake hakukuonekana. Picha za filamu bubu zina umbo linalokaribia mraba, upana 4 kwa kimo 3, ilhali projekta za leo zina umbo la upana 16 kwa kimo 9. Kijana wa mitambo, kwa kutotaka kuacha weusi pembeni mwa kitambaa, alikuwa ameikuza picha mpaka ikajaa, na kwa kufanya hivyo alikuwa ameikata robo nzima ya kimo chake, sehemu juu na sehemu chini. Vichwa vilipungua, na hilo lilivumilika. Miguu ilikatwa vifundoni, na ardhi yote ikaondoka. Kwa mtazamaji wa tamthilia ya mapenzi huenda lisiwe jambo kubwa. Kwa watoto waliokuja kujifunza kuanguka, tulikuwa tumelipa shilingi 120,000 kuonyeshwa watu wakiondoka ardhini bila kurudi.

Nimshukuru kijana yule, kwa maana hakubishana. Alirudisha picha kwenye umbo lake, akaacha weusi pande zote mbili, akaianza filamu upya bila kuninung'unikia, na dakika 20 zile zilikuwa za thamani kuliko mwezi mmoja wa mahubiri yangu. Mlango ukafunguka, Keaton akatoka, akaporomoka, na safari hii ardhi ilikuwepo. Niliwaomba warudie kipande hicho mara nne. Ukikitazama kwa makini utaona kwamba mwili wake haukakamai hewani. Umelegea kama nguo inayodondoka kutoka kwenye kamba, na kuna kiungo kimoja kinachofika mapema kidogo kuliko vingine ili kulivunja pigo. Hicho ndicho ninachowaambia watoto kila juma la kwanza, na hapo walikiona kwa mtu aliyekianza akiwa mdogo kuliko wote waliokuwa pale uani. Keaton alizaliwa Kansas mwaka 1895, wazazi wake wakiwa watu wa maonyesho ya jukwaani, na kufikia umri wa miaka mitano hivi alikuwa sehemu ya mchezo wao: baba yake alimrusha huku na huku jukwaani, na nguo yake ilishonewa mpini wa sanduku la safari ili ashikike vizuri. Watetezi wa watoto walimwandama baba huyo mara nyingi, na mimi kama mwalimu ninawaunga mkono watetezi, kwani mtoto si mzigo. Hata hivyo siwezi kuukana ukweli kwamba kilichotoka katika malezi hayo ni mwangukaji bora kuliko wote waliowahi kupigwa picha. Hukohuko jukwaani ndiko alikojifunza kutotabasamu, baada ya kugundua kwamba hadhira hucheka zaidi anapokuwa na uso wa mtu aliye kazini.

Filamu yao ndefu ya usiku ule, ya dakika 45 hivi, ilikuwa pia ya Keaton, ya mwaka 1924, juu ya mfanyakazi wa chumba cha projekta anayeota kuwa mpelelezi. Humo mna mchezo wa zamani wa jukwaani ambao watoto wangu hawataacha kuuzungumzia: Keaton, akiwa amekimbiziwa kwenye pembe isiyo na mlango, anaruka kichwa mbele na kuzama ndani ya kisanduku kinachoshikwa na mtu mbele ya kifua, na anapotea mzima mzima. Mna pia kipande ninachokitazama kwa hofu hadi leo. Anakimbia juu ya mabehewa ya treni inayoondoka chini ya miguu yake, anadaka kamba ya bomba la tangi la maji la reli, bomba linamteremsha, na maji yanamwangukia kwa nguvu iliyomtupa relini. Anainuka, anakimbia. Miaka mingi baadaye daktari aliyempima kwa eksirei alikuta kovu la mfupa wa shingo uliovunjika na kupona wenyewe, na chanzo chake kilikuwa siku ile ya maji. Msichana wa miaka 11, aliyekuwa ameketi karibu na goti langu, aliniuliza kwa sauti ya chini, "Mwalimu, alivunjika kweli, na bado akakimbia?" Nikamjibu kwamba ndiyo, na kwamba hilo ndilo jambo pekee la Keaton ambalo hatutaliiga.

Asubuhi yake, kabla sijamaliza chai, niliwakuta watatu kati yao kiwanjani. Walikuwa wamechora mlango kwenye mchanga kwa kijiti. Mmoja mmoja alikuwa akitoka ndani ya mlango huo kwa hatua za mtu mwenye haraka zake, anaachia mwili, na mkono wa kushoto unafika chini kabla ya bega. Sikuwasahihisha. Shikamoo waliyonipa ilikuwa ya haraka haraka, kwa kuwa zamu ya mwingine ilikuwa imefika.

Usiku wa pili ulikuwa bora kuliko wa kwanza karibu katika kila jambo. Kitambaa kilifungwa ukutani, pasipo na upepo. Umbo la picha lilikuwa sawa tangu mwanzo, mwendo ulipangwa filamu moja moja, na msimulizi alikuwa amejiandaa: alituambia Rafael Padilla ni nani kabla ya filamu, kwa sentensi nne, kisha akakaa kimya. Wakati huu niliongeza shilingi 30,000 za mpiga muziki, na kama una uwezo wa kuongeza jambo moja tu katika huduma hii, ongeza hilo. Usiku wa kwanza tulikuwa tumewekewa kinanda cha kurekodiwa kinachozunguka na kujirudia bila kujali kinachotokea kwenye picha. Usiku wa pili alikuja baba mmoja wa makamo na ilimba yake ya Kigogo, ala inayopigwa kwa vidole gumba, akaketi kwenye kigoda pembeni mwa kitambaa, na hakuitazama ilimba hata mara moja. Alitazama miguu ya watu kwenye picha, na vidole gumba vyake vikatembea nayo. Filamu hizi kwa asili hazikuonyeshwa kimya: kumbi za zamani zilikuwa na piano, kumbi kubwa zilikuwa na bendi, na sarakasi yenyewe ilikuwa na desturi ya ngoma kuvuma kabla ya mchezo wa hatari na kukatika ghafla wakati wa kuruka. Mzee wetu hakuwahi kuambiwa hayo. Aliyajua kwa sikio lake.

Jambo hilo lilionekana wazi katika filamu ya Charlie Chaplin ya mwaka 1928, ambayo kisa chake chote kinatendeka ndani ya hema la sarakasi. Chaplin hakuwa mtoto wa sarakasi kama Polidor, lakini alipitia mikono iliyoijua. Aliyemfunza vichekesho vya mwili huko Uingereza, Fred Karno, alianza maisha ya jukwaani kama mwanasarakasi, na kundi la Karno lilikuwa chuo kweli: Chaplin na Stan Laurel walisafiri nalo pamoja kwenda Marekani mwaka 1910. Kwa ajili ya filamu hii Chaplin alijifunza kutembea juu ya kamba, na alipokwisha kupiga vipande vya kamba ikagundulika kwamba picha zilikuwa zimeharibiwa maabara kwa mikwaruzo, ikambidi arudie. Mwaka 1926 moto uliteketeza sehemu ya studio yake katikati ya kazi. Katika utoaji wa kwanza kabisa wa tuzo za Oscar, mwaka 1929, alipewa tuzo maalumu kwa ajili ya filamu hiyo. Watoto hawakuyahitaji hayo yote. Walichokihitaji ni kumwona akiwa juu, amejiamini kwa sababu ya waya wa usalama uliofungwa mgongoni, na waya huo ukifunguka bila yeye kujua. Hapo vidole vya mpiga ilimba vikasimama. Uani palikuwa kimya hata tukasikia jenereta ya jirani. Kisha Chaplin akagundua, miguu yake ikaanza kutafuta kamba kama ya mtu asiyewahi kuiona, na nyani wakapanda kichwani. Ni vigumu kueleza kwa asiyefanya kazi hii ugumu wa jambo hilo: mtu aliyejifunza kutembea juu ya kamba anaigiza, akiwa juu ya kamba, kwamba hajui. Vijana wangu wakubwa, ambao mashujaa wao ni Ramadhani Brothers tangu walipoibuka washindi kule Marekani mwaka 2024 kwa kusimamishana kichwa juu ya kichwa, waliitambua mara moja. Mmoja alisema kwamba kusimama imara ni kazi, lakini kuyumba kwa makusudi bila kuanguka ni kazi mara mbili.

Zimebaki kasoro mbili ambazo ningependa wazifanyie kazi. Ya kwanza ni mpangilio wa programu yao, ambao unaruka kutoka Cretinetti hadi Keaton kana kwamba hapakuwa na mtu katikati, na haumgusi kabisa Polidor. Tena, kwa walimu wa sarakasi, ingefaa waongeze kipande cha Keaton cha 1928 ambamo ukuta wa mbele wa nyumba, wenye uzito unaokadiriwa kuwa tani 2, unamwangukia akiwa amesimama palepale na tundu la dirisha linapita juu yake kwa nafasi ya kiganja tu kila upande. Kazi yake pale ni kutosogea, na sijui somo gumu zaidi la kumfundisha kijana wa miaka 15. Ya pili ni kwamba msimulizi anapoulizwa kama waigizaji walifanya kila kitu wenyewe anajibu ndiyo kwa haraka, na si kweli. Hata Keaton, katika filamu yake ya 1927 ya mwanafunzi wa chuo, aliacha ruko la kuingia dirishani kwa upondo lifanywe na Lee Barnes, bingwa wa Olimpiki wa 1924 katika mchezo huo. Mtoto akijua kwamba mwangukaji bora alijua mahali pa kumwita mwenzake, hatapungukiwa na heshima kwake.

Mwalimu aliyenifundisha mimi alifundishwa na mmoja wa vijana wa Kitanzania waliopelekwa China kujifunza sarakasi katika miaka ya 1960, na sehemu kubwa ya ninachokijua kimenifikia kwa mikono, mtu kwa mtu, bila picha. Kwa hiyo ninaithamini huduma hii kuliko bei yake. Ukiwaita, waambie mapema mambo matatu: picha ibaki na umbo lake, mwendo wa kila filamu upangwe peke yake, na mpiga ilimba aje. Ukiyasema hayo siku ya kulipa nusu ya kwanza, yote watayafanya. Usipoyasema, huenda ukarudishiwa usiku wangu wa kwanza.

Mimi nimeshalipia Jumamosi ya mwisho ya Septemba. Watoto wameniomba niwafikishie vijana wale ombi moja, nao wamekubali: safari hii kitambaa kishushwe hadi pindo lake liguse mchanga wa kiwanja.